Shoti ya Nani?

Saa kumi na mbili asubuhi Tarime, mkoani Mara, bado ina baridi. Mji uko juu, kama mita 1,500 kutoka usawa wa bahari, na mhudumu aliyekesha sheli hukabidhi zamu akiwa amevaa koti juu ya sare. Anayempokea huinama mbele ya pampu, husoma tarakimu za mita na kuziandika: petroli pampu ya kwanza, petroli pampu ya pili, dizeli. Mita ya jana jioni hutolewa kwenye mita ya leo asubuhi, tofauti huzidishwa kwa bei ya lita moja, na jibu linalopatikana ndilo deni la aliyekesha. Noti za mfukoni, sarafu za kwenye droo na miamala ya lipa namba, vyote vikijumlishwa, lazima vifike hapo. Visipofika, lile pengo lina jina moja kuanzia Sirari mpakani hadi Mugumu wilayani Serengeti: shoti.

Neno hilo si la sheli peke yake. Konda wa basi analijua, mhudumu wa baa analijua, mshika fedha wa duka la jumla analijua. Husemwa fulani “amepata shoti”, kama vile mtu apatavyo homa. Muda si mrefu husemwa “analipa shoti”. Kati ya kupata na kulipa lilipaswa kuwepo swali moja, nalo ni shoti hiyo imetoka wapi. Mara nyingi halipo. Anayeulizwa ni aliyekuwa zamu, kwa sababu jina lake ndilo lililo kwenye daftari.

Swali hilo lina uzito kwa sababu kituo cha mafuta kina shoti za aina mbili, na zote huitwa kwa jina hilohilo moja.

Ya kwanza ni shoti ya fedha. Mita inasema zimetoka lita 600, bei ni shilingi 3,000, kwa hiyo panatakiwa shilingi 1,800,000. Mkononi kuna 1,760,000. Shilingi 40,000 hazipo. Hapa njia za kufuatilia ni chache na ziko wazi: chenji ilizidishwa, mteja aliondoka bila kulipa, muamala wa simu haukuingia, mtu alijazwa mafuta kwa mkopo na hakuandikwa, au fedha imechukuliwa. Kama mita zilisomwa na watu wawili na kila zamu ina pampu yake, si vigumu kumjua mhusika.

Ya pili ni shoti ya mafuta. Fedha zimetimia hadi senti ya mwisho, lakini tangi halikubali. Daftari linasema chini ya ardhi zinapaswa kuwepo lita 6,200, na kijiti cha dipu kinapozamishwa na kusomwa, jedwali linatoa lita 5,950. Lita 250 zimeyeyuka, na hakuna mita iliyoziona zikipita. Shoti ya namna hii ndiyo huwafikia wahudumu mwisho wa mwezi ikiwa imegawanywa sawasawa kwa vichwa, wa mchana na wa usiku, mgeni na mwenyeji. Njia zake ni nyingi mno, na nyingi kati ya hizo hazipiti mkononi mwa mhudumu.

Njia mojawapo ni kijiti chenyewe. Chukua tangi la mviringo lililolazwa ardhini, kipenyo chake mita 2 na urefu mita 3.2. Linabeba lita 10,000 hivi. Likiwa nusu, uso wa mafuta una eneo la mita za mraba 6.4, kwa hiyo kila milimita ya kijiti ni lita 6.4, na sentimita moja ni lita 64. Kijiti kilichoegemea upande kidogo, macho yaliyosoma mstari wa juu badala ya wa chini, petroli iliyokauka kwenye kijiti kabla haijasomwa, tangi lililoinama kwa sababu udongo umetitia: kosa la sentimita moja tu, kwa bei ya shilingi 3,000, ni shilingi 192,000. Hakuna aliyeiba. Kesho kijiti kikisimama wima, mafuta “yatarudi”.

Njia nyingine ni joto. Petroli hupungua ujazo kwa takriban sehemu moja ya elfu kwa kila nyuzi moja ya joto inayoshuka. Dizeli hupungua kwa zaidi kidogo ya robo tatu ya kiasi hicho. Mzigo mwingi unaokuja Mara huanza safari bandarini, na kutoka Dar es Salaam hadi Tarime ni zaidi ya kilomita 1,300 za lami inayochomwa na jua. Boza, yaani lori la mafuta, linapofika nyanda za juu na lita zake 10,000 za petroli kumwagwa kwenye tangi lililoko kwenye ardhi ya baridi, joto la mafuta likishuka kwa nyuzi 8, lita 80 hutoweka kwenye kipimo bila hata tone moja kudondoka. Uzito wa mafuta umebaki vilevile, ila mhudumu hauzi kwa kilo. Biashara ya jumla ya mafuta hulijua jambo hili na hurekebisha ujazo kwenda kwenye joto moja la rejea. Kwenye daftari la zamu safu ya joto haipo.

Ongeza mvuke. Petroli ni kimiminika chenye haraka ya kupaa; kila boza linaposhusha mzigo, mafuta yanayoingia husukuma nje hewa iliyojaa mvuke kupitia bomba la kupumulia la tangi. Ile harufu inayomfikia mpita njia ni mali ya mwenye sheli inayoondoka.

Kisha kuna pampu. Wakala wa Vipimo hukagua pampu, huzirekebisha na kuzifunga kwa lakiri, na wakaguzi wake hutumia chombo cha lita 20 kilichohakikiwa. Mwananchi huwaza pampu inayopunja. Ila pampu inaweza kukosea upande wa pili pia, ikamzidishia mteja. Tuseme inatoa kiasi kisichoonekana kwa macho, mililita 50 tu za ziada katika kila lita 20. Kituo kikiuza lita 4,000 kwa siku, lita 10 hutoka bila kuandikwa na mita. Kwa siku 30 ni lita 300, yaani shilingi 900,000. Mhudumu hana ufunguo wa kifaa hicho, na akivunja lakiri ili akirekebishe atakuwa ametenda kosa.

Na kuna boza. Lori la mafuta lina vyumba kadhaa, na kila chumba kina mfuniko wake, lakiri yake na alama yake ya kiwango. Kabla ya kushusha, mpokeaji anapaswa kulinganisha namba za lakiri na zile zilizoandikwa kwenye hati, apande juu aone kiwango cha kila chumba, apime tangi la ardhini, asimamishe mauzo ya pampu zinazonyonya tangi hilo, kisha apime tena mzigo ukishakwisha. Boza likiegeshwa kwenye mteremko, kiwango kinadanganya. Mauzo yakiendelea wakati wa kushusha, hesabu inachafuka. Ikiwa boza limefika saa nane usiku, meneja amelala, na aliyesaini hati ni kijana wa zamu aliyeambiwa na dereva “saini hapo, nina safari ndefu”, upungufu wa njiani umekwisha kuhamia kituoni kwa saini moja.

Wizi nao upo, na haufai kufunikwa. Wapo wahudumu wanaouza mafuta kwenye madumu bila risiti, wanaochelewesha fedha ya tajiri siku mbili wakiizungusha, wanaoshirikiana na dereva wa boza. Wapo mameneja wanaochukua dizeli ya gari la shemeji na kumwambia mhudumu “tutaweka sawa”. Mazingira ya Tarime na Serengeti yanazidisha kishawishi na kelele: bodaboda kumi kwa mpigo, madumu ya wachimbaji wadogo wa upande wa Nyamongo, magari ya watalii yanayoelekea geti la Ikoma na kutaka kujazwa haraka kabla jua halijapanda. Dumu linaloitwa la lita 20 likijazwa hadi mdomoni huweza kula zaidi ya hapo, na mteja aliyelipia lita 20 hataki kusikia habari ya mita.

Mwenye sheli naye ana kilio chake. Bei kikomo ya mafuta hutangazwa kila mwezi na EWURA, mamlaka ya udhibiti wa nishati na maji, na faida ya muuzaji wa rejareja imo ndani ya fomula hiyo. Hawezi kupandisha bei ili kufidia lita zilizopotea. Duka la nguo likipoteza shati moja, mashati mawili yanayofuata yanaweza kulilipa. Kwenye mafuta, faida ya lita moja ni sehemu ndogo sana ya bei yake, na lita moja ikipotea zinahitajika nyingi kuuzwa ili kuirudisha. Ndiyo maana tajiri hana subira na shoti, na ndiyo maana njia ya mkato, kumkata mhudumu, inaonekana kwake kama haki.

Sheria haioni hivyo.

Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004, kifungu cha 28, inaanza kwa kukataza: mwajiri hatakata chochote kwenye ujira wa mfanyakazi, isipokuwa makato hayo yametakiwa au kuruhusiwa na sheria, makubaliano ya pamoja, amri ya mshahara, amri ya mahakama au tuzo ya usuluhishi, au mfanyakazi mwenyewe amekubali kwa maandishi kuhusu deni. Halafu kwa deni linalotokana na hasara, kifungu kidogo cha pili kinaweka masharti matano, na yote lazima yatimie. Hasara iwe imetokea kazini na kwa kosa la mfanyakazi huyo. Mwajiri awe amempa kwa maandishi chanzo cha hasara, kiasi chake na jinsi kilivyokokotolewa. Mfanyakazi awe amepewa nafasi ya kutosha kupinga chanzo, kiasi au hesabu. Deni lisizidi hasara halisi. Na makato yasizidi robo ya ujira wake wa fedha.

Sharti la kwanza peke yake linatosha kuangusha ule mgawanyo wa mwisho wa mwezi. Kugawa lita 250 kwa wahudumu watano ni kukiri kwamba hajulikani aliyekosea. Na kama hajulikani, hakuna kosa la mtu la kukatia. Sharti la pili nalo lina makali. Karatasi inayosema “shoti 750,000” haijataja chanzo. Chanzo ni kusema ni pampu ipi, zamu ipi, mita ilisomaje, dipu ilisomaje, mzigo uliingia lini, na pampu ilihakikiwa lini.

Robo nayo ihesabiwe. Mhudumu wa mshahara wa shilingi 200,000 aliyekubali kwa maandishi deni halali la 300,000 hawezi kukatwa zaidi ya 50,000 kwa mwezi. Deni litakwisha kwa miezi sita. Mazoea ni mengine: mshahara mzima unabaki ofisini, anapewa “ya sabuni”, na mwezi unaofuata anaingia kwenye mikopo ya kausha damu ili alipe kodi ya chumba.

Waajiri wengine hujikinga kwa mkataba. Siku ya kwanza kazini mhudumu anasaini fomu yenye mstari unaosema atawajibika kwa upungufu wowote utakaotokea kituoni, na wakati mwingine mjomba au kaka anasaini chini yake kama mdhamini. Mstari huo una faida ya kumtisha anayesaini, lakini haufuti masharti ya kifungu cha 28. Ridhaa inayotajwa na sheria inahusu deni lenye chanzo, kiasi na hesabu. Saini ya Januari haiwezi kukiri hasara ya Agosti ambayo hakuna aliyejua kwamba itatokea.

Njia ya tatu ya tajiri, baada ya makato na mkataba, ni polisi. Shoti ikiwa kubwa, tajiri hupiga simu, na mhudumu analala mahabusu kwa tuhuma ya kuiba akiwa mtumishi, kosa lililomo kwenye kifungu cha 271 cha Kanuni ya Adhabu. Asubuhi ndugu wanakuja, kikao kinakaa kwenye benchi la kituo, inaandikwa hati ya kukiri deni, na ng'ombe wawili wanauzwa mnadani. Lakini wizi, kwa kifungu cha 258 cha Kanuni hiyohiyo, ni kuchukua kitu kwa nia ya udanganyifu na bila dai la haki. Upande wa mashtaka ndio wenye mzigo wa kuthibitisha kuwa kuna kilichochukuliwa, kwamba mshtakiwa ndiye aliyekichukua, na kwamba nia ilikuwa hiyo. Pengo kati ya daftari na kijiti linaonyesha kuwa hesabu hazilingani, basi. Hadi hapo hakuna aliyeonekana akichukua kitu. Na maelezo ya kukiri yaliyotolewa polisi, Sheria ya Ushahidi inataka yawe yametolewa kwa hiari.

Hayo hayamfungi mwajiri mikono. Uzembe mkubwa na utovu wa uaminifu ni miongoni mwa makosa yanayoweza kuhalalisha kuachishwa kazi, kwa Kanuni za Utendaji Bora zilizotolewa kwa Tangazo la Serikali Na. 42 la mwaka 2007. Mhudumu aliyeacha pampu wazi akaenda kunywa chai, aliyesaini kupokea boza bila kupima wakati kupima ni kazi yake na alifundishwa, anaweza kupoteza ajira. Sharti ni utaratibu: aelezwe tuhuma kwa namna anayoielewa, apewe muda usiopungua saa 48 kujiandaa, asikilizwe, aruhusiwe kusaidiwa na mwakilishi wa chama cha wafanyakazi au mfanyakazi mwenzake. Mgogoro ukifika mbele, kifungu cha 39 cha Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini kinamtwika mwajiri kazi ya kuthibitisha kwamba kuachisha kulikuwa kwa haki.

Mbele huko ni Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, CMA, ambayo kwa Mara iko Musoma. Aliyeachishwa kazi ana siku 30 za kupeleka malalamiko. Migogoro mingine, kama ya makato, ina siku 60. Huanza usuluhishi, kisha, ikishindikana, uamuzi. Asiyeridhika huomba marejeo Mahakama Kuu ndani ya wiki sita. Kwenye karatasi siku 30 zinaonekana nyingi. Kwa kijana wa Mugumu ambaye mshahara wa mwisho umezuiwa, siku kumi zinaishia kumsihi meneja, kumi nyingine kutafuta nauli ya Musoma, na nyingine kumtafuta mtu wa kumjazia fomu. Akichelewa, itabidi kwanza aeleze sababu za kuchelewa kabla shoti yenyewe haijaguswa.

Ukivuka mpaka pale Sirari kwenda Isebania, pampu ni zilezile na dipu ni ileile, lakini sheria imebadilika. Sheria ya Ajira ya Kenya ya mwaka 2007, kifungu cha 19, inamruhusu mwajiri kukata kiasi kinacholingana na upungufu wa fedha uliotokana na uzembe au kukosa uaminifu kwa mfanyakazi, mradi mkataba wake unasema bayana kuwa amekabidhiwa kupokea, kutunza na kulipa fedha. Makato yote kwa jumla yanaweza kufika theluthi mbili ya mshahara, ilhali upande wa Tarime makato ya deni la hasara huishia robo. Tena ruhusa hiyo ya Kenya inahusu upungufu wa fedha: ile shoti ya kwanza, ya droo. Kwa mali iliyopotea, kifungu hicho kinataka liwe kosa la makusudi la mfanyakazi.

Uingereza ilipitia njia hiyohiyo, na vituo vya mafuta vilikuwa katikati ya ugomvi. Katika miaka ya 1980 wahudumu wa pampu walikuwa wakikatwa mishahara kufidia upungufu, na mwaka 1987 kesi ya Bristow dhidi ya City Petroleum ilifika hadi Baraza la Mabwana, mahakama ya juu kabisa ya wakati huo, ikibishaniwa kwa sheria ya mwaka 1896. Wakati huo Bunge lilikuwa limekwisha kutunga Sheria ya Mishahara ya 1986, na ulinzi wake sasa umo kwenye Sheria ya Haki za Ajira ya 1996: mfanyakazi wa rejareja hakatwi zaidi ya sehemu moja ya kumi ya ujira ghafi wa siku ya malipo kwa ajili ya upungufu wa fedha au wa bidhaa, isipokuwa kwenye malipo yake ya mwisho kazini. Sheria hiyo iliona kuwa fedha na bidhaa ni vitu viwili, ikavitaja vyote.

Tanzania nayo imeleta mashine. Tangu muongo uliopita Mamlaka ya Mapato imevitaka vituo kufunga mashine za risiti zinazounganishwa na pampu, na mwaka 2017 vituo kadhaa vilifungwa kwa kutokuwa nazo. Lengo lilikuwa kodi, lakini mhudumu alipata shahidi asiyetarajiwa: kila lita iliyopita kwenye pampu ina karatasi yenye saa na kiasi. Mashine hiyo inaweza kumaliza ubishi wa shoti ya fedha kwa dakika chache. Kwenye shoti ya tangi haisaidii sana, kwa kuwa inaamini mita, na mita ndiyo inayoshtakiwa.

Shahidi wa tangi bado ni kalamu. Mugumu, jua likizama, boza linapoingia sheli, mhudumu anayejua kazi yake hafungui mfuniko wa tangi mara moja. Huweka koni, huzima pampu, husoma namba za lakiri kwa sauti huku mwenzake akizifuata kwenye hati. Hupaka kijiti dawa ya kutambua maji, hukizamisha, hukitoa, hukisoma chini ya taa, kisha humwita dereva asome naye. Bodaboda wanapiga honi nje ya koni. Anaandika: sentimita 61.5, saa 12:40 jioni, jina lake, jina la dereva. Anapiga picha ya ukurasa kwa simu yake mwenyewe, anairudisha mfukoni, ndipo anaposema, “Haya, shusha.”